Kutoka Kibuye hadi Kwetu: Kazi za Eric Kabera na Lugha za Sinema ya Rwanda

Ikisiri

Makala hii inafuatilia kazi za Eric Kabera, mtayarishaji na mwongozaji filamu wa kujitegemea wa Kigali, kuanzia filamu 100 Days (2001) hadi kuanzishwa kwa chuo cha filamu kiitwacho Kwetu. Badala ya kumpima kwa idadi ya filamu alizoziongoza, makala inadai kwamba kila jukumu alilolishika lilizaliwa na pengo lililofichuliwa na jukumu lililotangulia. Inadai pia kwamba mahali pa kuliona jambo hilo waziwazi ni katika lugha: Kiingereza cha filamu ya kwanza, Kinyarwanda cha ushuhuda na cha filamu za vijijini, na neno moja la Kiswahili lililowekwa juu ya mlango wa chuo.

Utangulizi

Mtafiti wa lugha anapoingia katika historia ya sinema huulizwa amefuata nini huko. Swali hilo lina haki yake. Hata hivyo, katika nchi kama Rwanda, ambako filamu ndefu za kubuni zilizotengenezwa na wenyeji kabla ya mwaka 2000 ni haba mno, kila filamu ililazimika kuamua mambo ambayo kwingineko yalikwisha kuamuliwa zamani: mhusika azungumze lugha gani, mtazamaji ni nani, na maandishi ya tafsiri yaandikwe kwa ajili ya macho ya nani. Maamuzi hayo ni ya kiisimu kabla hayajawa ya kisanaa. Wataalamu wa Kiswahili tumeandika mengi kuhusu filamu za Dar es Salaam na Riverwood ya Nairobi. Kigali tumeipita kama abiria wa basi la usiku.

Eric Kabera alizaliwa Zaire mwaka 1970, katika familia ya Wanyarwanda waliokuwa wakiishi huko. Alikuwa Zaire mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi yalipotokea mwaka 1994, na jamaa zake wengi waliokuwa Rwanda waliuawa. Kabla ya filamu alikuwa mwandishi wa habari. Mambo haya matatu, yaani kuzaliwa ng'ambo ya mpaka, kufiwa akiwa mbali, na kuzoea kazi ya kuwasimulia wengine yaliyotokea, yanatosha kutuonyesha kwa nini hakuanza kwa kujiita msanii. Alianza kama mtayarishaji, yule mtu asiyeonekana ambaye hutafuta fedha, vibali, magari, chakula na watu.

Katika Kiswahili sanifu tunatofautisha mwongozaji, mtayarishaji, mwandishi wa mswada na mhariri kana kwamba ni watu wanne. Katika sinema ya kujitegemea ya Afrika Mashariki mara nyingi huwa ni mtu mmoja mwenye simu moja. Hilo halipaswi kusifiwa mno wala kudharauliwa. Ni hali ya kazi. Lakini kwa Kabera kuna utaratibu fulani katika kubadilisha majukumu, na utaratibu huo ndio unaofuatiliwa hapa.

Kamera juu ya paa

Hadithi ya 100 Days haiwezi kusimuliwa bila kurudi Aprili 1994. Mpigapicha Mwingereza, Nick Hughes, alikuwa Kigali katika siku za mwanzo za mauaji. Akiwa juu ya jengo la shule ya Kifaransa, alielekeza kamera yake ng'ambo ya bonde na kunasa kwa mbali watu wakiuawa barabarani mchana kweupe. Mauaji yaliyofanywa mbele ya maelfu ya macho yaliacha picha za video chache mno za kitendo chenyewe, na mkanda wa Hughes ni miongoni mwa hizo chache. Baadaye mkanda huo ulifika Arusha, katika Mahakama ya Kimataifa ya Jinai ya Rwanda iliyoundwa na Baraza la Usalama mnamo Novemba 1994, ukawa kielelezo namba 467. Hughes mwenyewe aliandika juu ya namba hiyo katika kitabu kuhusu vyombo vya habari na mauaji ya kimbari kilichohaririwa na Allan Thompson mwaka 2007.

Mkanda ule ulikuwa umeuthibitishia ulimwengu kwamba watu wanauawa, na ulimwengu haukusogea. Tukilikumbuka hilo tunaelewa kwa nini mpigapicha wa habari na mwandishi wa habari waliamua kuungana kutengeneza filamu ya kubuni. Picha ya kweli ilikwisha kuonyeshwa. Kilichokosekana hakikuwa ushahidi, bali uso, jina na sebule ya familia kabla ya mlango kuvunjwa.

100 Days, iliyoongozwa na Hughes na kutayarishwa na Hughes pamoja na Kabera, ilitoka mwaka 2001. Ndiyo filamu ndefu ya kwanza ya kubuni kuhusu mauaji hayo, ikiitangulia kwa miaka mitatu Hotel Rwanda, ambayo sehemu yake kubwa ilipigwa Afrika Kusini. 100 Days ilipigwa Rwanda kwenyewe, katika eneo la Kibuye kando ya Ziwa Kivu, mahali ambapo mambo yanayoigizwa yalikuwa yametokea kweli miaka michache tu nyuma. Waigizaji wake hawakuwa wa taaluma hiyo. Wengine walikuwa manusura. Kisa kinamfuata msichana Josette, ambaye familia yake inakimbilia kanisani ikiamini kwamba kanisa ni hifadhi, na kasisi ambaye hifadhi yake ina bei. Watazamaji wa Rwanda hawakuhitaji kufafanuliwa kanisa hilo ni lipi. Nchini kulikuwa na makanisa mengi ya namna hiyo.

Sasa tuje kwenye lugha. Wahusika wa 100 Days wanazungumza kwa kiasi kikubwa Kiingereza. Msikilizaji wa Kinyarwanda hushtuka kidogo anapoisikia mara ya kwanza, na ana sababu. Mkulima wa Kibuye mwaka 1994 hakuwa na Kiingereza. Kasisi wake alikuwa na Kinyarwanda, Kifaransa na Kilatini cha misa. Kiingereza kiliingia katika orodha ya lugha rasmi za Rwanda baada ya 1994, pamoja na kurudi kwa Wanyarwanda waliokulia Uganda, Tanzania na Kenya, na hakikuwa lugha kuu ya kufundishia shuleni hadi uamuzi wa mwaka 2008. Kwa kipimo cha uhalisia, basi, lugha ya filamu hii ni kosa la tarehe.

Wapo watakaoishia hapo na kuandika neno "utegemezi". Nadhani wanasoma bahasha bila kusoma jina la mpelekewa. Filamu hii iliandikiwa wale walioona mkanda wa Aprili 1994 wakageuza uso: watu wa London, New York na Brussels, na hasa watu wa New York ambako vikao vya Baraza la Usalama vilifanyika. Kiingereza chake kinaonyesha barua imetumwa kwa nani. Tunaweza kusema kwamba barua ilipaswa kuandikwa kwa Kinyarwanda na kutafsiriwa chini ya picha. Na kweli, mwaka 2007, Mmarekani mwenye asili ya Korea, Lee Isaac Chung, alitengeneza Munyurangabo kwa Kinyarwanda pamoja na vijana wa Kigali aliokuwa akiwafundisha, akaifikisha Cannes. Angalia jinsi mambo yalivyopishana: mzalendo alitayarisha filamu kwa Kiingereza ili mgeni asikie, na mgeni akaongoza filamu kwa Kinyarwanda ili asionekane kuwasemea wenyeji. Lakini kati ya filamu hizo mbili kuna miaka 6, na katika miaka hiyo mambo mengi yalikuwa yamebadilika Kigali, mengine kwa mkono wa Kabera.

Ushahidi na ushuhuda

Jambo la kwanza lililobadilika ni kwamba mtayarishaji aliishika kamera mwenyewe. Mwaka 2004 Kabera aliongoza Keepers of Memory, filamu ya hali halisi ambayo kwa Kiswahili ningeiita Walinzi wa Kumbukumbu. Ndani yake wanasikika manusura na watu waliojitwika kazi ya kutunza maeneo ya kumbukumbu, mahali penye mabaki ya waliouawa. Hawa hawakuwa wameajiriwa kwanza na baadaye wakapenda kazi. Wengi wao walibaki pale kwa kuwa jamaa zao walikuwa pale. Neno la Kinyarwanda kurinda na letu kulinda ni ndugu wa damu, na maana zake zinalingana karibu kabisa. Tofauti ni kwamba mlinzi wa Kiswahili cha mjini siku hizi ni askari wa getini, hivyo msomaji wa Dar es Salaam anaweza kuona sare na rungu ambapo filamu inaonyesha mama mzee mwenye ufunguo wa kanisa.

Hapa filamu inazungumza lugha ya wanaosimulia. Si suala la uzalendo wa lugha tu. Mtu anayesimulia namna watoto wake walivyouawa hawezi kuombwa afanye hivyo kwa lugha aliyojifunza darasani. Wanaisimu tunajua kuwa simulizi ya maumivu hubebwa na viambishi, vinyamazo na njeo zaidi ya kubebwa na msamiati. Kinyarwanda kina njeo zinazotenganisha yaliyopita leo na yaliyopita zamani, na msimulizi anaweza, katikati ya sentensi, kuliacha la zamani na kulisimulia kana kwamba ni la asubuhi hii. Tafsiri iliyoandikwa chini ya picha hailioni hilo. Anayesikia hulisikia.

Kiswahili kinaweza kutusaidia kulieleza badiliko hili kutoka filamu ya kwanza hadi ya pili kwa sababu kina maneno mawili pale ambapo Kinyarwanda kina moja. Sisi tuna ushahidi na ushuhuda, yote mawili kutoka mzizi uleule wa Kiarabu. Kwa mazoea ya matumizi, la kwanza limeelekea mahakamani na la pili limeelekea kwenye imani na maisha ya mtu. Mkanda wa Hughes kule Arusha ni ushahidi: una namba, unapimwa, upande wa pili una haki ya kuuhoji. Maneno ya walinzi wa kumbukumbu ni ushuhuda: hayakuja kuhojiwa, yalikuja kusikilizwa. Kinyarwanda kinasema ubuhamya kwa yote mawili. Manusura aliyesimama Arusha, aliyesimama mbele ya gacaca na aliyesimama mbele ya kamera ya Kabera wote walitoa ubuhamya, na pengine ndiyo maana kwa wengi wao kuhojiwa na wakili kulionekana kama tusi. Katika lugha yao hapakuwa na mstari uliochorwa kati ya kuthibitisha na kusimulia. 100 Days iko mahali fulani katikati: ni hadithi ya kubuni iliyotamani kuwa ushahidi na ikapigwa mahali palipojaa ushuhuda.

Niongeze jambo dogo kuhusu istilahi, maana huwasumbua wanafunzi wetu kila Aprili. Kinyarwanda kilitumia kwanza itsembabwoko, neno lililoundwa kutokana na kitenzi gutsemba, kuangamiza, na ubwoko, kabila au ukoo. Baadaye kikatulia kwenye jenoside, neno la mkopo, katika jina rasmi Jenoside yakorewe Abatutsi. Kiswahili kimeshika njia nyingine na kusema mauaji ya kimbari. Mfasiri wa filamu hizi anayeandika "mauaji ya halaiki", kama ifanyikavyo mara kwa mara, anataja wingi wa waliouawa na kuacha nia ya waliowaua. Nia hiyo ndiyo iliyoamuliwa Arusha.

Skrini iliyojazwa upepo

Filamu mbili zilikuwa zimefichua pengo la tatu. Waigizaji na mafundi wa 100 Days walikuwa wamejifunza kazi kwa kuifanya, na baada ya kazi kwisha hapakuwa na kazi nyingine. Pia hapakuwa na mahali pa kuionyesha filamu yenyewe kwa watu inaowahusu. Kabera alianzisha Rwanda Cinema Centre, kituo cha kuwafundisha vijana kutengeneza filamu, na mwaka 2005 kikaanza tamasha la filamu ambalo watu walilizoea kwa jina la utani la Hillywood.

Jina hilo lina kejeli yake. Ukanda wetu umejaa majina ya namna hii: Nollywood ya Nigeria, Riverwood ya River Road, Wakaliwood ya Wakaliga kule Kampala. Mengi ni mzaha wa kujilinganisha na Hollywood. Hillywood ni mzaha pia, lakini kilima katika Rwanda si mandhari tu. Umusozi ni anwani, ni ujirani, ni mahali mtu anapojulikana. "Nchi ya vilima elfu" lilikuwa jina la kujivunia, kisha likachukuliwa na redio iliyochochea mauaji, ambayo jina lake la Kifaransa lilibeba vilima hivyohivyo. Ukilipa tamasha la filamu jina la kilima miaka 11 baadaye, hulazimiki kutoa maelezo. Kila mwenye umri anasikia neno hilo likisafishwa.

Kazi yenyewe ya tamasha ilikuwa nzito kuliko jina. Lilibeba skrini kubwa ya kujazwa upepo, projekta, jenereta na spika, likazunguka mikoani na kuonyesha filamu uwanjani usiku. Watu walitembea kutoka vilima jirani na kukaa majanini. Baadhi yao walikuwa hawajawahi kuona filamu kwenye skrini kubwa, na karibu wote walikuwa hawajawahi kuona filamu ambayo watu wake wanazungumza kama wao. Zilizoonyeshwa zilikuwa ni pamoja na filamu fupi zilizotengenezwa na vijana waliofunzwa kituoni, kwa Kinyarwanda. Filamu ya hali halisi Finding Hillywood (2013) ya Leah Warshawski na Chris Towey imehifadhi picha za safari hizo, ikimfuata zaidi Ayuub Kasasa Mago, mmoja wa watu waliolibeba tamasha hilo mabegani.

Mtu anaweza kusema: lakini vijijini na mitaani filamu zilikuwapo. Ni kweli, na hapa ndipo historia ya sinema ya Rwanda inapogusana na yetu ya Waswahili. Katika vibanda vya video vya Kigali, hasa mitaa ya Nyamirambo na Biryogo, palikuwa na agasobanuye: filamu ya Kimarekani, ya Kihindi au ya Kichina yenye sauti ya Mnyarwanda juu yake, akitafsiri, akichekesha, akiwapa wahusika majina ya mtaani. Neno lenyewe limejengwa juu ya gusobanura, kufafanua, pamoja na kiambishi cha udogo ka- ambacho Kiswahili sanifu kimekiacha lakini mazungumzo ya Nairobi yamekishikilia. Kwa hiyo ni "kadogo kaliko fafanuliwa", kitu kidogo kilichoelezwa kikaeleweka. Nkusi Thomas, aliyejulikana kwa jina la Yanga, alikuwa bingwa wa fani hiyo. Kampala wana ma-VJ wao, Kenya ina DJ Afro, na Dar es Salaam ilikuwa na Lufufu, ambaye Matthias Krings amemchunguza kwa makini katika kitabu chake cha mwaka 2015. Ni fani moja yenye lugha nyingi.

Agasobanuye na Hillywood hutajwa kama mahasimu: moja ni uharamia wa mtaani, nyingine ni sinema ya heshima. Mimi naona ni majibu mawili kwa njaa moja. Mfafanuzi wa kibandani alichukua picha ya mgeni akaipa ulimi wa nyumbani. Tamasha lilitaka picha na ulimi vitoke nyumba moja. Wa kwanza alifanikiwa zaidi kibiashara, na inafaa tukiri hivyo bila kinyongo. Mtazamaji alilipa kibandani kwa hiari yake. Uwanjani alikaa bure, na gharama ililipwa na wafadhili.

Jambo hilo la wafadhili linatupeleka kwenye Africa United (2010), ambayo nitaipita kwa haraka kwa kuwa inajulikana. Kabera alikuwa mmoja wa watayarishaji. Mwongozaji alikuwa Debs Gardner-Paterson. Watoto wanatoka Rwanda kwenda Afrika Kusini kwa ajili ya Kombe la Dunia, wakivuka nchi kadhaa kwa miguu, kwa basi na kwa werevu. Ni filamu ya furaha iliyopangwa vizuri, imejaa Kiingereza, na Tanzania inapita humo bila Kiswahili kupewa kazi ya maana. Kwa mtaalamu wa Kiswahili hilo ni kama kuvuka mto bila kulowa. Lakini kwa kazi ya Kabera ina uzito wake: ilionyesha kwamba Kigali inaweza kuwa mwanzo wa hadithi ambayo haiishii kaburini. Miaka minne baadaye aliongoza Intore (2014), filamu ya hali halisi kuhusu muziki, ngoma na utambulisho wa Rwanda. Ukiiweka kando ya Keepers of Memory unaona mtu yuleyule akiuliza swali jingine: waliobaki wanaishije, wanacheza nini, wanaimba nini.

Neno juu ya mlango

Sasa tufike chuoni. Baada ya tamasha, pengo lililobaki lilikuwa la mafunzo ya kudumu, si warsha za majuma machache zinazofungwa fedha zikiisha. Kabera alianzisha Kigali chuo cha filamu akakiita Kwetu Film Institute. Kwetu ni Kiswahili. Kinyarwanda kingesema iwacu. Maneno haya mawili yanabeba kiwakilishi kimiliki cha nafsi ya kwanza wingi chenye chimbuko moja la Kibantu, -etu kwetu na -acu kwao, na yote mawili hayahitaji nomino mbele yake. Husemi "nyumba kwetu". Kwetu inatosha, kwa sababu kiambishi cha mahali kimemeza jina la mahali penyewe. Lakini mazingira ya matumizi si yaleyale. Iwacu humfaa asemaye akiwa nyumbani kama amfaavyo aliye mbali; kwetu, kwa masikio ya Kigali, ina vumbi la safari. Ni neno lililosemwa Goma, Bukavu, Bujumbura na Kigoma na watu waliokuwa wakizungumza juu ya Rwanda ambayo wengine wao hawakuwa wameiona kwa macho.

Hapa wasifu wa mtu unakutana na historia ya lugha. Kiswahili kilipata nafasi Rwanda tangu utawala wa Wajerumani, kikabaki katika miji, masoko na mitaa ya Waislamu. Biryogo iliitwa kambi ya Waswahili, na kwa Wanyarwanda wengi wa zamani "Mswahili" lilikuwa jina la mtu mjanja wa mjini asiyeaminika sana. Waliorudi baada ya 1994 walileta Kiswahili cha namna nyingine: cha ukimbizi, cha shule za Zaire na Tanzania, cha biashara ya mpakani. Rwanda ilijiunga na Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2007, na mwaka 2017 Bunge likapitisha sheria ya kukifanya Kiswahili lugha rasmi. Jina la chuo cha Kabera lilikuwa juu ya mlango kabla ya sheria hiyo. Halikuwekwa na kamati ya lugha. Liliwekwa na mtu aliyezaliwa Zaire, aliyehitaji neno moja ambalo kijana kutoka Bujumbura, Goma, Kampala na Huye angelielewa bila mfafanuzi.

Tusijidanganye, hata hivyo. Filamu zilizotoka katika mazingira haya zinazungumza kwa kiasi kikubwa Kinyarwanda, Kiingereza na Kifaransa. Kiswahili kimekaribisha wageni mlangoni. Sebuleni wanazungumza wengine. Tunaokutana katika makongamano ya namna hii tumezoea kuhesabu mafanikio ya lugha kwa sheria zilizopitishwa na idara zilizofunguliwa. Sheria ya 2017 haikuandika hata mswada mmoja wa filamu. Lugha huingia katika sinema pale mwandishi anapoona kwamba mhusika wake hawezi kusema jambo fulani kwa lugha nyingine, kama ilivyotokea kwa Kinyarwanda cha walinzi wa kumbukumbu. Dereva wa lori wa Rusumo, askari aliyerudi kutoka misitu ya Kivu, mama wa Rubavu anayevuka mpaka kila asubuhi na kapu la nyanya: hao wote maisha yao yana Kiswahili ndani. Wanasubiri mwandishi.

Waliofuata

Kazi ya mtu wa aina ya Kabera hupimwa pia kwa watu waliopita mikononi mwake au jirani naye na kisha wakaenda njia zao, hata njia za kumpinga. Kivu Ruhorahoza, aliyezaliwa Kigali mwaka 1982, alifanya kazi katika Rwanda Cinema Centre kabla ya kutengeneza filamu zake mwenyewe. Joel Karekezi wa Imbabazi (2013) alitwaa mwaka 2019 tuzo kuu ya FESPACO kule Ouagadougou, Farasi wa Dhahabu wa Yennenga, kwa filamu The Mercy of the Jungle inayohusu askari wawili waliopotea katika msitu wa Kongo. Marie-Clémentine Dusabejambo alianza na Lyiza (2011) na kufuata na filamu fupi nyingine zilizosafiri mbali. Hawa si nakala za mwalimu mmoja. Karekezi alielekea kwenye masimulizi makubwa ya vita. Dusabejambo ana jicho la ndani, la watoto na darasa. Ruhorahoza ni mgumu kumweka kundi lolote.

Ruhorahoza anastahili aya ya peke yake kwa sababu ndiye aliyelitaja wazi tatizo ambalo Kabera aliishi nalo kimyakimya. Filamu yake Grey Matter (2011) ilitajwa kwa heshima na majaji wa tamasha la Tribeca, ambako pia mwigizaji wake Ramadhan Bizimana alitunukiwa. Mhusika mmojawapo, Balthazar, ni kijana mwongozaji anayetaka kutengeneza filamu iitwayo Mzunguko wa Mende. Mende, inyenzi, ndilo neno ambalo wauaji waliwaita waliokusudiwa kuuawa. Balthazar anaomba fedha kwa ofisi ya serikali, na ofisi inamjibu kwamba hadithi yake haifai; ingefaa angeleta filamu ya kuelimisha kuhusu Ukimwi au ukatili wa kijinsia. Anayeijua sinema ya Afrika Mashariki anacheka hapo kwa uchungu. Mtengenezaji filamu wa kujitegemea katika ukanda wetu mara nyingi anajitegemea kwa maana kwamba hana mwajiri, si kwa maana kwamba hana bwana. Skrini ya Hillywood ilijazwa upepo kwa fedha za wengine, 100 Days iliandikwa kwa lugha ya wengine, na Kabera alijua kipi kilinunuliwa kwa kipi. Balthazar anawaficha wenzake jibu la ofisi, anawaambia fedha ziko njiani, na maandalizi ya filamu yanaendelea.